Nguruwe wa Kwetu, Makala za Kwao

Walimwita Mama Rafu, na si kwa sababu alicheza rafu. Maktaba ya taasisi ya magonjwa ya mifugo ilikuwa na rafu ishirini na sita, na yeye ndiye aliyejua kila kilicholala juu yake, hata vile ambavyo panya walivisoma kabla ya wataalamu. Miaka thelathini alikuwa ndani ya chumba kile chenye feni moja iliyokubali kugeuka kushoto tu. Ukitaka kitabu, unamwuliza. Ukitaka kumwudhi, unakirudisha mahali pasipo pake.

Jumatatu moja Mkurugenzi aliingia maktaba mwenyewe, jambo lisilo la kawaida, maana wakurugenzi huagiza.

"Mama Rafu, nina kazi ya kukuchosha macho. Nataka jedwali. Kila nchi imeandika makala ngapi za utafiti wa magonjwa ya nguruwe kwa miaka kumi hii. Ijumaa naingia kwenye kikao. Wanaamua kama maabara ya nguruwe ifunguliwe tena au igeuzwe stoo moja kwa moja."

"Na sisi tukiwa na ngapi ndiyo wanafungua?"

"Ishirini. Wanasema chini ya hapo hatuna watu wa kazi hiyo." Akainua kidole. "Na sheria ni moja, usije ukaniaibisha. Makala ni ya nchi iliyo kwenye anwani ya mwandishi wa kwanza. Basi. Hata kama mwandishi mwenyewe alizaliwa hapo nje getini."

Mama Rafu aliitikia kwa kichwa kama mtu asiye na lake, lakini lake alikuwa nalo. Maabara ya nguruwe ilifungwa miaka tisa iliyopita, na ilipofungwa ndipo kitinda mimba wake alipoondoka.

Binti huyo alikuwa na miaka kumi na moja nguruwe wao sita walipokufa kwa homa ndani ya juma moja, masikio yamegeuka zambarau. Hakulia. Aliuliza, "Mama, huu ugonjwa umeandikwa wapi?" Mama Rafu akamleta maktaba, wakatafuta mchana kutwa, wakapata kurasa mbili tu, zimeandikwa na mgeni aliyepita nchini kwa wiki tatu. "Basi nitaandika mimi," mtoto akasema. Watoto husema mengi, lakini huyu alisoma kweli, akarudi na shahada yake, akaajiriwa kwenye maabara ile ile ng'ambo ya ua, akafanya kazi mwaka na nusu, mlango ukapigwa kufuli. Nchi ya baridi ikamwita. Siku ya safari alimkumbatia mama yake akasema, "Siku wakifungua, narudi. Usimpe mtu chumba changu."

Basi chumba hakikupewa mtu. Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi Mama Rafu alitoa godoro uani, akalianika, akalipiga kwa fimbo mpaka vumbi likaisha, akalirudisha kitandani na kutandika shuka. Jirani aliwahi kumwuliza kama anatarajia mgeni. "Si mgeni," alijibu. "Ni mwenyewe."

Kwa hiyo jedwali lile kwa wengine lilikuwa karatasi. Kwake lilikuwa mlango.

Jumanne na Jumatano alihesabu. Akaona vituko. Kulikuwa na nchi ndogo, ya kuizunguka kwa gari chai yako ikiwa bado moto kwenye chupa, ina makala mia nne. Nyingine haijaona homa ile tangu bibi zao wakiwa wasichana, lakini inaiandika kila mwezi, kwa michoro ya rangi. Na zile nchi ambazo nguruwe walikuwa wanakufa leo, asubuhi hii, zilikuwa na makala nne, mbili, au kistari tu mahali pa namba. Mama Rafu aliguna peke yake. Kumbe mwenye kuumwa halalamiki, mwenye afya ndiye anayelalamika kwa niaba yake.

Nchi yake ilikuwa na kumi na moja. Akahesabu tena kwa kuanzia mwisho, akidhani namba zitamwonea huruma. Kumi na moja.

Kisha akafungua makala za binti yake. Alikuwa nazo zote, amezichapa na kuzibana kwenye faili la kijani, ingawa rafu ya faili hilo haikuwemo kwenye orodha yoyote. Zilikuwa kumi na nne, na kila moja ilikuwa na anwani ya nchi ya baridi. Lakini ukisoma ndani, damu iliyopimwa ilikuwa ya nguruwe wa hapa. Nani angemwambia Mama Rafu vinginevyo? Miaka minne iliyopita binti alikuja kwa wiki mbili kuikusanya. Siku kumi alishinda mabandani, nne alikaa nyumbani, na siku hizo nne walikaa meza ya kulia wakibandika lebo kwenye chupa ndogo, mama anaandika, mtoto anabandika. Mama Rafu hajawahi kuwa na furaha vile tena.

Kumi na moja na kumi na nne ni ishirini na tano. Akaiandika kwa penseli. Asiyekuwepo na lake halipo, walisema wahenga, lakini yawezekana wahenga hawakuwa na binti aliye mbali.

Alhamisi saa ya chakula cha mchana alipiga simu.

"Shikamoo Mama! Kuna nini? Mbona mchana?"

"Marahaba mwanangu. Hakuna baya. Niko kazini, nakuhesabu."

"Unanihesabu?"

Akamweleza yote, jedwali, kikao, ishirini inayotakiwa. "Nikikuweka upande wa huku, maabara inafunguliwa."

Binti akacheka, kicheko kile kile cha kuanzia puani. "Mama, hiyo si ni rafu sasa? Wewe uliyeninunia siku mbili kwa kitabu nilichokirudisha vibaya! Anwani ni anwani. Mtu akifungua ukurasa wa kwanza tu, Mkurugenzi anaumbuka mbele za watu."

"Najua. Nilitaka kukusikia tu." Mama Rafu akashusha sauti, ingawa maktaba haikuwa na mtu. "Wakifungua, utarudi?"

"Tutaongea Mama, wikiendi tutaongea vizuri. Huku kwetu sasa hivi ni baridi ajabu, hata nguruwe tumewawashia taa, na zamu yangu ndiyo inaanza..."

"Huku wapi?"

"Huku. Kwenye baridi. Mama, unanisikia?"

"Nakusikia, mwanangu. Nenda kazini."

Mtoto wa watu hakujua alichosema, na hapo ndipo palipouma. Angesema makusudi, wangegombana, na ugomvi una dawa. Miaka tisa alikuwa akisema "huku kwao", "huku ugenini", "huku kwenye barafu". Kwetu ilikuwa moja, ile yenye godoro. Mama Rafu alitaka kusema mkataa kwao ni mtumwa, lakini binti hakukataa kwao. Alikuwa amezoea kwingine, na kuzoea hakuna methali inayokuweza. Alikaa chini ya feni, akalia wazi wazi, akajifuta kwa ukingo wa kitenge, akachukua kifutio.

Ishirini na tano ikafutika. Akaandika kumi na moja. Zile kumi na nne akaziongeza kwenye mstari wa nchi ya baridi, moja moja, kwa mkono wake mwenyewe.

Lakini hasira haikufutika. Alilitazama lile jedwali lenye safu mbili, nchi na idadi, akaliona lina uongo ndani yake bila namba hata moja kuwa ya uongo. Akachukua rula akachora safu ya tatu. Juu yake akaandika: *Nguruwe walitoka wapi*. Akarudi kwenye makala za homa, akisoma mahali pamoja tu, pale waandishi wanapotaja damu waliitoa wapi, mpaka mlinzi akaja kutikisa funguo mlangoni.

Ijumaa asubuhi Mkurugenzi alisoma amesimama. "Mimi niliomba safu mbili."

"Ya tatu nimekupa ya bure."

Akaifuata kwa kidole hadi kwenye mstari wa nchi yao, kidole kikasimama. "Sabini na tatu? Makala sabini na tatu kwa damu ya nguruwe wetu, na sisi tumeandika kumi na moja?"

"Nguruwe wetu wanasafiri kuliko wewe, Mkurugenzi. Huko kikaoni usiwaambie tuna watu wangapi. Waulize hao watu watafanyia kazi wapi."

Aliuliza. Walibishana siku nzima, akasimulia baadaye, na mmoja alitaka kujua nani aliyeongeza safu bila kutumwa. Baada ya miezi miwili kufuli la ng'ambo ya ua lilikatwa kwa msumeno, maana ufunguo hakuna aliyejua ulipo.

Mama Rafu alimpigia binti yake siku hiyo hiyo.

"Jamani Mama! Hongereni! Mmefungua!"

Mmefungua. Hakusema tumefungua. Safari hii Mama Rafu alikuwa amejiandaa, hata hivyo neno lile lilimpata.

"Asante, mwanangu. Tumefungua."

"Mama, mimi..."

"Najua. Vaa sweta."

Maabara iliyofunguliwa upya ikapata mtafiti wake wa kwanza, msichana mrefu aliyetoka mbali, mwenye begi moja na boksi la vitabu. Alilala siku tatu kwenye benchi la ofisi kabla mtu hajagundua. Mama Rafu aligundua. Haikuwa Jumamosi ya kwanza ya mwezi, ilikuwa Alhamisi, lakini alitoa godoro uani akalianika, akalipiga kwa fimbo kwa muda mrefu kuliko lilivyohitaji.

"Hiki chumba ni cha nani, Mama?" msichana aliuliza alipooneshwa.

"Cha mtafiti wa nguruwe," Mama Rafu akasema. "Ingia."

Wiki ya tatu, jioni, alikuwa akipita koridoni na beseni la nguo, mlango wa chumba uko wazi nusu. Msichana alikuwa ameketi kitandani, simu sikioni, anaongea na mama yake.

"Hapana Mama, usiwe na wasiwasi, nakula vizuri. Huku kwetu hata maji hayakatiki..."

Mama Rafu alisimama. Lingeweza kuwa neno tamu, lile. Alikuwa na haki ya kulipokea, godoro lilikuwa lake na maji yalikuwa yake. Akaweka beseni chini, akagonga mlango kwa kidole.

"Samahani, binti. Mwambie mama yako uko kwa Mama Rafu. Kwenu ni kwake."

Msichana alimtazama bila kuelewa, lakini alikuwa na adabu, akarudia maneno kwenye simu. "Niko kwa Mama Rafu, Mama. Anasema kwetu ni kwako. Eeh. Nitakuja mwisho wa mwezi."

Ndani ya simu, kwa mbali, mwanamke asiyemjua alicheka kwa furaha. Mama Rafu alisimama pale koridoni akimsikiliza mpaka alipomaliza.