Picha Kumi na Moja

Mungu amjalie Katili maisha marefu. Ndivyo tunavyomwita pale studio, kwa kuwa kwenye tamthilia yetu yeye ndiye mume anayemfungia mkewe ndani na kumnusa nguo kila akirudi sokoni. Kamera zikizimwa ni mpole, hata chai huomba kwa kunong'ona.

Mimi ni fundi wa mavazi. Onyesho likiisha, nawapiga waigizaji picha, kifungo kwa kifungo, nazituma kwenye kundi letu la simu ili kesho blauzi isije ikabadilika. Siku hiyo, zikiwa zimebaki wiki mbili niolewe, nilituma haraka haraka nikarudi kwenye cherehani.

Mwandishi wa tamthilia akanijia na simu mkononi. "Dada, picha kumi na moja! Wewe langoni, wewe na saa ya ukutani, viatu vyako... Unataka Katili amdai mkewe picha kila saa? Wazo zuri, lakini umetia chumvi mno. Watazamaji hawataamini."

Kwa haraka nilikuwa nimekosea, nikazituma kwenye kundi. "Hizo ni za kumtumia mchumba wangu," nikasema. Alizitaka kila saa, na nikichelewa kidogo alimpigia dada yangu, tuliyechangia naye ziwa moja, naye alimpa habari zangu zote. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi fundi nguo sikukiona. Nilidhani napendwa.

Wenzangu wakacheka. Katili hakucheka. Alivuta kiti akakaa karibu nami.

"Mdogo wangu, mimi nalipwa kufanya haya, na bado nikifika nyumbani naoga mara mbili. Yeye analipwa na nani?"

Nililia mpaka nikalowesha blauzi ya onyesho la kumi na nne.

Simu ikaita. "Picha ya saa nane iko wapi?" mchumba akauliza, hata salamu hakuna.

Nilimtazama Katili. Hakuondoka kitini.

"Haipo," nikasema. "Ya saa tisa pia haitakuwepo. Wala harusi haipo. Tafuta mbuzi wa kuchunga."

Gauni la harusi nililojishonea alilivaa mwigizaji wetu kwenye onyesho la mke wa Katili kufungua mlango na kutoka. Nilimpiga picha, kifungo kwa kifungo.

Zangu sina. Ukiniuliza juzi saa nane nilikuwa wapi, nimevaa viatu gani, sikumbuki. Nashukuru mno.