Ugonjwa Mwepesi

Sikuzani alikuwa akitwanga ngazi za mchikichi zilizochemshwa, mafuta yameanza kung'aa kinuni, alipomsikia mumewe akitapika tena nyuma ya nyumba. Akaacha mchi, akamfuata.

Assumani alikuwa amepiga magoti, amejikunja, mikono imekumbatia tumbo. Tangu juzi hakuweza kulala chali. Maumivu yalianzia chini ya chembe cha moyo yakatokea mgongoni, na kila alipojaribu kunyooka yalimrudisha chini.

"Ni yale ya masika," alisema.

Wakati wa masika yalimpata hivyo hivyo baada ya karamu ya nyama. Yalipoa yenyewe, baada ya kukataa chakula na kulala tu. Lakini masika hakukuwa na kazi ya vichaka.

Hodi ilipigwa. Abdulhamid, mnyampara wao, alisimama uani, na nyuma yake askari mwenye kiboko. Wadachi walitaka vichaka vyote vya ufukweni vifyekwe ili mbung'o wanaoleta malale wakose kivuli, na kila nyumba ya kijiji cha Kizuka ilitakiwa kutoa mwanamume.

"Amahoro, shemeji. Assumani iko wapi?"

"Ni mugonjwa."

Askari alichungulia, akanusa matapishi. "Pombe hiyo."

"Hanywi," Sikuzani alisema. "Abdulhamid, mnasali safu moja. Mwambie."

Abdulhamid alitazama miguu yake. "Mimi najua. Lakini kusema nani ni mugonjwa ni kazi ya bwana mganga. Mumpeleke kambi ya malale. Kazi nayo iko kulekule."

Mvuvi jirani aliwapeleka wote kwa mtumbwi. Assumani alikaa chini amejiinamia, na kila wimbi lilimtoa mguno. Kambini wagonjwa wa malale walikuwa wameketi juani, wengine wanasinzia na chakula mkononi.

Bwana mganga, Mdachi mwembamba mwenye macho mekundu ya uchovu, alibonyeza tumbo la Assumani polepole. Akamfunua jicho, akaona umanjano kidogo. Kisha akamtazama kitovu na mbavu kwa muda mrefu.

"Ndani, nyuma ya tumbo la chakula, kuna kongosho," alisema kwa Kiswahili chake cha kukatakata. "Limevimba. Wengine ni pombe. Huyu, nadhani, kijiwe cha nyongo kimeziba njia."

"Litapona?" Sikuzani aliuliza.

"Ziko aina mbili. Moja inavimba, halafu inapoa, kama mtu hali na anapumzika. Ya pili kongosho linaoza, damu inavuja ndani. Hapa ubavuni, au kitovuni, panakuwa na rangi ya bluu. Wengi wanakufa."

"Hii ni ipi, bwana?"

"Leo, nyepesi. Kesho sijui."

Alimchoma sindano ya maumivu. Nyingine ilikuwa ya maji ya chumvi, chini ya ngozi ya paja, mahali pakavimba kama yai na kunywea taratibu. Uso wa Assumani ulilegea.

"Asile kitu. Alale. Asifanye kazi mpaka maumivu yaishe kabisa."

"Basi alale hapa."

"Hapa ni watu wa malale tu. Ni amri."

Askari alichungulia mlangoni. "Ni mgonjwa, bwana?"

Bwana mganga alikuwa ameshainamia mgonjwa mwingine, anapapasa tezi za shingo. "Mgonjwa, ndiyo. Aina nyepesi."

"Nyepesi," askari alisema. "Twende."

Sikuzani aligeuka. "Bwana, umesema apumzike."

"Nimesema," alijibu bila kuinua kichwa. "Watu wa kazi si wangu, ni wa bwana wa boma."

Assumani alitembea kidogo, akaanguka, akatapika maji ya kijani. Askari aliinua kiboko. Sikuzani akapita katikati yao, akaokota panga kwenye rundo, akaingia kwenye safu ya wanaume waliokuwa wakingoja kufyeka.

"Shemeji, hii si kazi yako," Abdulhamid alinong'ona.

"Nipe sehemu yake."

Askari alicheka. "Kichwa ni kichwa. Utaitika kwa jina lake."

Sikuzani alimlaza mumewe kwa ubavu kivulini, magoti yamekunjwa, akamlowesha midomo, akamkataza kupokea chakula cha mtu yeyote. Kisha akafyeka. Matete yalimkata mikono. Kila alipoinuka alilitazama shati la Assumani, kama bado linapanda na kushuka.

Alasiri shati lilikuwa halitikisiki sawasawa. Alikwenda bila ruhusa. Assumani alipumua juujuu, ngozi baridi na yenye jasho. Ubavuni palikuwa na doa la rangi ya zambarau. Alilisugua kwa kidole chenye mate, akidhani ni utomvu. Halikutoka.

Alimbeba mgongoni hadi kibanda cha wagonjwa, akamlaza juu ya mkeka wa mtu wa malale aliyezikwa jana. Bwana mganga alikuja, akafunua shati. Safari hii hakutaja aina. Akaanza kutayarisha sindano.

Nje askari aliita safu irudi kazini, akataja jina la Assumani mara kadhaa. Sikuzani alikaa kwenye kizingiti, panga mapajani, akaziba mlango. Hakuinuka.