Marehemu Aliyecheka Madurai

Nallaperumal hakuamini kitu chochote isipokuwa kamera yake. Kule Kodambakkam, jijini Madras, hakuna studio iliyopiga picha kabla nazi haijavunjwa na kafuri haijawashwa mbele ya lenzi, na muda wote huo yeye alikuwa akitazama saa na kuuliza, "Mmeshailisha mashine? Tunaweza kufanya kazi sasa?" Wenzake walimcheka, wakamaliza dua zao, na kazi ikaendelea.

Mwaka ule wa hamsini na saba alikuwa akitengeneza sinema iitwayo *Kiti cha Baba*. Ilihusu mzee mmoja mkali kama pilipili, anayegombana na dunia nzima kutoka kwenye kiti chake cha uvivu barazani. Mwishoni mzee anaomba mtindi, anaonja, anafoka kwamba hauna chumvi. Mkaza mwana anakimbilia jikoni. Akirudi na chumvi, mzee keshakata roho. Basi. Hakuna wimbo, hakuna wosia wa nusu saa na kukohoa katikati, kama watazamaji walivyozoea.

Babaake Nallaperumal alikufa vivyo hivyo, akilalamikia chumvi. Alikuwa mkali kiasi kwamba siku ya mazishi waliolia ni wale wanawake wa kukodiwa tu, na hata wao walikuwa na haraka. Nallaperumal mwenyewe chozi halikumtoka. Jambo hilo lilimkaa moyoni miaka yote, na ndiyo sababu hasa ya sinema ile: alitaka mtu, hata mmoja, amlilie yule mzee bila kulipwa.

Siku walipopiga picha ya kifo, mwigizaji Kuppuraju alikufa vizuri mno. Kichwa kiliinama, bakuli likamponyoka, kimya. "Kata!" akasema Nallaperumal. "Safi sana, kaka. Nenda kavue ndevu."

Kuppuraju hakuinuka kitini.

"Sitoki hapa, bosi, mpaka mnipige picha nikicheka."

"Nini tena?"

"Unajua vizuri tu! Mtu akiigiza maiti, lazima kamera imwone ameamka anacheka, kifo kijue ulikuwa utani. Mimi nina mke na watoto watano. Nikifa kweli kesho, utawalea wewe na hizo akili zako za kisasa?"

"Filamu ni ghali, Kuppuraju."

"Na jeneza je? Ni la bure?"

Nallaperumal akatoka nje kunywa kahawa kwa hasira. Huko nyuma mpiga picha akawasha kamera, bila hata kuita mtu wa sauti, na marehemu akacheka.

Sinema ilipoanza kuonyeshwa Madras, ukumbi ulijaa. Watu walimcheka yule mzee, wakampigia miluzi, wakayarudia matusi yake. Kisha akaomba mtindi, na mabenchi yakaanza kulia, watu wakiinuka. Wanawake wakabeba watoto, wanaume wakatafuta ndara zao gizani. Chumvi ilipofika, ndani alikuwa amebaki mfagiaji na bwana mmoja aliyekuwa akikoroma. Kesho yake ikawa hivyo hivyo. Nallaperumal akasimama mlangoni, akamzuia mama mmoja.

"Mama, mnakwenda wapi? Haijaisha!"

"Najua. Dada yangu kaniambia, sasa hivi anakufa."

"Si ndiyo penyewe hapo!"

"Penyewe kwako, kaka. Mimi nikishatazama maiti sharti nioge kabla sijagusa taa wala sufuria. Na bomba la mtaani kwetu linatoa upepo tu. Wanangu wale upepo?"

Mama akampita na kwenda zake. Nallaperumal akabaki ameshika mlango kama bawabu. Babaake alikuwa anakufa mara ya pili, na safari hii hata wa kukodiwa hawakuwepo.

Ndipo simu ikalia kutoka Madurai. Alikuwa Sokkalingam, mwenye ukumbi wa sinema kule, na alikuwa akipiga kelele kana kwamba waya haufiki.

"Bosi! Huku hakuna pa kutemea mate! Wanalia mpaka mwisho, halafu akiamka wanapiga vigelegele!"

"Nani akiamka?"

"Marehemu!"

Nallaperumal akakata simu, akaenda moja kwa moja kwa Pakkirisami, fundi wake wa kukata na kuunga filamu. Pakkirisami alimwona uso tu, akajua yamemfika.

"Nilikwambia ukitupe kile kipande cha kicheko," akasema Nallaperumal.

"Ningekitupaje, bosi? Kicheko cha mtu mzima, ana watoto watano! Nikitie kwenye pipa pamoja na maganda ya ndizi? Kuppuraju akiteleza kesho bafuni, mimi nitalala usingizi? Nikakiunga mwisho kabisa, nyuma ya neno MWISHO. Nakala moja tu. Nilijua hapo watu hawakai."

"Madurai wanakaa."

Jioni ile ile alipanda treni, amedhamiria kukikata kile kipande kwa mkono wake mwenyewe. Alichoka kuchekwa. Aliapa kwamba babaake hatageuzwa kichekesho cha sokoni.

Sokkalingam alimpokea kwa shada la maua. "Tazama kwanza onyesho la mchana," akamsihi. "Baada ya hapo ukate unachotaka, hata mimi nikate."

Akaketi benchi la pembeni, karibu na ule upau wa mbao unaotenga upande wa wanaume na wa wanawake. Ng'ambo ya upau, bibi mmoja mwenye masikio yaliyorefushwa na vipuli alikuwa akitafuna tambuu na kumkosoa mzee wa kwenye pazia la sinema kwa sauti. "Mkali, lakini ana haki!" alisema. "Mtindi bila chumvi, nani atakunywa?"

Mzee akaonja, akafoka. Nallaperumal akasubiri mabenchi yalie.

Hakuna aliyeinuka. Wanawake walikwisha toa pembe za sari zao tayari, na kichwa kilipoinama, ukumbi mzima uliangua kilio. Walilia kwa raha zao, wakipigapiga vifua, wanaume nao wakipenga kamasi, kwa sababu hapakuwa na maiti wa kumwogopa, wala mtu atakayehitaji kwenda kuoga. Yule bibi alitema tambuu yake ili alie vizuri. Walimlilia babaake. Nao walikuwa wamelipa wao.

Nallaperumal hakujua ni saa ngapi alianza. Alishtukia tu mabega yanamtikisika na mdomo umepinda kama wa mtoto, na sauti inamtoka ambayo hakuwahi kuisikia. Neno MWISHO likatokea kwenye pazia. Watu hawakuondoka, wala yeye hakuweza kunyamaza.

Mkono mkavu ukapita juu ya upau, ukamshika begani.

"Nyamaza, mwanangu," bibi akamwambia. "Wewe mgeni, eh? Usilie hivyo. Ngoja kidogo tu, sasa hivi anaamka."

Nallaperumal akafuta uso kwa kiganja, akanyoosha shingo kama wenzake wote, akamngojea babaake.