Msomaji wa Tanbihi

Daktari Stanslaus alikuwa mtu wa kuhesabu. Alihesabu maharage kwenye kopo, kaya kwenye kijiji, na maneno kwenye barua aliyonipa niipige chapa, kisha akaniambia yamezidi. Mimi, Romana, nilikuwa karani wake, na kwa kuwa mradi mzima wa utafiti ulikuwa na watu wawili, nilikuwa pia mhasibu, mpika chai na mtu wa kugombezwa. Ofisi yetu ilikuwa vyumba viwili vya kupanga pale Majengo, mjini Mpanda. Barazani alikaa fundi cherehani, na wateja wake wengi waliingia kwetu kwanza kuulizia suruali zao.

Oktoba ya mwaka 1998 wafadhili wetu wa Ulaya walituandikia kwamba fedha zinakwisha Machi. Wangetuongezea miaka miwili kwa sharti moja. Walikuwa wameiweka makala ya Daktari kwenye kompyuta yao ili watu wa dunia nzima waisome kwa intaneti, na kompyuta hiyo ilikuwa na kihesabio: kila mtu akifungua, namba inapanda. Walitaka ifike mia tano kabla Februari haijaisha. Isipofika, tufunge ofisi. Daktari alikuwa amepita miaka hamsini na hakuwa na kituo kingine kinachomngoja. Mimi ningerudi kijijini Kasansa kwa wazazi wangu kupalilia mpunga, kazi niliyoikimbia nikiwa na akili zangu timamu.

La kuchekesha ni kwamba sisi wenyewe hatukuwahi kuuona huo ukurasa. Mpanda ya wakati ule, intaneti tuliisikia redioni. Kompyuta tulikuwa nayo moja, ya kupigia chapa, na ilifanya kazi umeme wa jenereta ya mji ukiwepo. Habari za kihesabio zilitufikia kwa faksi ya ofisi ya simu, kutoka kwa dada mmoja aliyeitwa Séverine, msimamizi wa kompyuta za wafadhili. Kwa hiyo Daktari alikuwa mwandishi anayesomwa duniani, ila yeye alikuwa na nakala ya karatasi iliyoliwa na mende pembeni.

Makala ilihusu maharage. Daktari alikuwa amekaa miezi mingi Katumba, kwenye makazi ya wakimbizi waliotoka Burundi mwaka 1972, akiandika majina ya mbegu walizokuja nazo. Aliyemfundisha zaidi ni mama mmoja, Ernestine. Wote tulimwita Mama Rosine, kwa jina la bintiye. Mama huyu alivuka mpaka na Rosine mgongoni na mbegu zimefungwa kwenye pindo la nguo, na nyumbani kwake kila mbegu ilikuwa na jina la mtu. Hii ya shangazi aliyempa, ile ya jirani aliyetangulia kuipanda. Moja, nyekundu yenye madoa meupe, aliiita Egide. Daktari, kwa tabia yake ya kutaka kila kitu kikamilike, alimuuliza Egide ni nani, jina lake la pili nani, alitoka kilima gani. Ernestine alimjibu mara moja, akainuka, akaenda kuchota maji, na siku hiyo hakurudi tena kwenye mazungumzo.

Daktari akayaandika majibu hayo, kasoro jina la kilima, kwenye tanbihi, yale maandishi madogo yanayowekwa mwisho wa makala na ambayo watu hawayasomi. Jina la Ernestine alilificha, maana sheria za utafiti zinataka msimuliaji asijulikane. La Egide aliliacha. Hakuwa msimuliaji.

Basi tukaanza kungoja namba. Novemba ilikuwa chini ya mia, na Daktari akawa hamalizi ugali wake. Desemba ikapita mia mbili. Januari ikaruka mia tano, na siku hiyo alinunua nyama ya mbuzi, akamgawia hata fundi cherehani. Katikati ya Februari tulikuwa mia nane na ushee. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Daktari alianza kutembea mikono nyuma. Alikwenda Katumba kwa pikipiki ya mradi kumwambia Ernestine kwamba maharage yake yamesomwa mara mia nane.

"Na hao watu hawana kazi?" Ernestine akamuuliza.

Angeishia hapo tungekuwa salama. Lakini alitaka kwenye ripoti yake ya kuomba fedha aweke ramani ya dunia, na kila nchi yenye wasomaji aipake rangi. Akamwandikia Séverine amtumie orodha ya wasomaji kwa nchi. Nilimwambia fedha bado hazijasainiwa, ramani ingoje. Akaniambia sijui utafiti unavyokwenda.

Faksi ya Séverine ilikuja Jumatatu, kurasa mbili, na niliisoma kabla yake kwa sababu mimi ndiye niliyetumwa kuichukua. Ilisema hivi, kwa ufupi. Makala yenyewe ilikuwa imefunguliwa mara thelathini na kitu tu. Ile idadi kubwa ilitokana na ukurasa wa tanbihi, ambao kwenye kompyuta ulisimama peke yake, nao kihesabio kiliuhesabu pamoja. Na karibu mara zote hizo ukurasa ulifunguliwa kutoka kompyuta moja, ndani ya maktaba ya chuo fulani huko Kanada. Mwishoni Séverine aliongeza kwa upole kwamba hakuna mtu mwingine aliyeuliza mgawanyo huu. Mkurugenzi wake angepelekewa jumla kama ilivyo, isipokuwa Daktari akitaka vingine.

Nilimpelekea faksi na ushauri wangu kwa pamoja. "Daktari, hiyo itakuwa kompyuta mbovu inayojifungua yenyewe. Sisi tumeombwa jumla. Mpelekee jumla, tufunge bahasha."

Alitoa nakala yake iliyoliwa na mende, akafungua ukurasa wa mwisho. Tanbihi zilikuwa tisa. Nane zilitaja vitabu na majina ya kisayansi ya mimea. Akaisoma ya tisa kwa sauti: "Egide Misago, mtoto wa kwanza wa msimuliaji, alipotea njiani wakati wa kukimbia, mwaka 1972, akiwa na umri wa miaka sita hivi."

Akaipigia mstari kwa kalamu.

"Tanbihi hazisomwi, Romana," Daktari akasema. "Hata mimi za wenzangu sizisomi. Huyu anazisoma kila siku."

"Inaweza kuwa mtu yeyote."

"Inaweza. Ndiyo maana lazima niulize."

Kuuliza kulikuwa na bei yake, na sote wawili tuliijua. Maktaba ya watu haikupi jina la msomaji wake hivi hivi. Barua rasmi ingehitajika, na barua rasmi ya wafadhili husainiwa na mkurugenzi. Mkurugenzi angetaka kujua kwa nini, na jibu lenyewe lilikuwa kwamba wasomaji wetu mia nane ni mtu mmoja.

Nilimpinga. Sitaki kusingizia kwamba niliona mbali au moyo wangu ulikuwa mweupe. Nilimwambia asubiri wasaini kwanza, mwezi mmoja tu, kisha aulize atakavyo. Mtu aliyekaa miaka ishirini na sita bila habari haumizwi na mwezi. Na hata leo ningesema vilevile, maana mwezi mmoja si kitu na mshahara ni mshahara.

"Ripoti inaniuliza nina wasomaji wangapi," akasema. "Maisha yangu yote nimehesabu watu. Mtu mmoja siwezi kumwita mia nane."

"Wenzako wote wanaita."

"Njia ya mwongo fupi, Romana. Nipe karatasi."

Hakuwa mtakatifu, msimwelewe vibaya. Aliiandika barua, akaishika siku mbili nzima, akawa ananigombeza kwa kila kitu, hata chai ikiwa nzuri. Siku ya tatu akaniamuru niende kuituma. Nilikwenda ofisi ya simu nimevimba kwa hasira. Njiani niliwaza kuitupa, nikaona nitakuwa nimebeba mzigo usio wangu, nikaituma. Ernestine hatukumwambia neno. Daktari alisema hatutampa mtu mtoto wa kukisia.

Mkurugenzi alijibu haraka kuliko alivyowahi kujibu jambo lolote letu. Alimshukuru Daktari kwa uaminifu wake, akasema barua ya maktaba ameisaini, na akasikitika kwamba wasomaji thelathini hawatoshi. Ofisi ifungwe Machi mwishoni. Nilimsomea Daktari faksi hiyo nikasisitiza neno uaminifu ili limchome. Akaanza kutoa vitabu rafuni na kuvipanga kwenye maboksi, na nilipoona mgongo wake umepinda vile nilijuta kumchoma. Siku chache baadaye alianza kuuza meza.

Faksi ya mwisho ya Séverine ilitukuta tukiwa tumebaki na kiti kimoja. Maktaba ilikuwa imempelekea mtu wake barua, na mtu mwenyewe ameruhusu ajulikane. Ni mfanyakazi wa usafi hapo maktabani. Kila jioni akimaliza kazi yake hufungua kompyuta iliyo karibu na mlango, husoma tanbihi ile, huifunga, huifungua tena na tena, kisha huenda nyumbani. Jina lake Egide Misago, na amekitaja kilima alikozaliwa, ambacho kwenye tanbihi hakimo. Aliokotwa njiani na watawa, akalelewa Rwanda, na akiwa kijana akapelekwa Kanada. Mara ya kwanza alikuwa anafuta vumbi, mwanafunzi mmoja akamwonyesha kwamba ukiandika jina lako kompyuta inakutafuta. Akaandika lake, na likatokea.

Chini Séverine alikuwa amenakili maneno yake mwenyewe. Alisema anwani ya mwandishi aliiona tangu siku ya kwanza, Oktoba, lakini hakuandika. Makala haisemi kama aliyesimulia bado yupo. Asipouliza, hajaambiwa kwamba amekufa. Sasa kwa kuwa wameuliza wao, naye anauliza: aliyesimulia yu hai?

Daktari aliisoma mara moja, akainuka kutoka kwenye kile kiti kimoja, akatoka nje, akaiwasha kwa teke pikipiki iliyokuwa imeshapata mnunuzi, nami nikapanda nyuma. Mafuta yalitosha kwenda, kurudi tungejua huko huko. Getini Katumba tulionyesha kibali, na mlinzi akatuuliza mbona leo hatuna madaftari.

Ernestine alikuwa uani anapepeta, na maganda yamemzunguka. Alitupisha kwenye mkeka. Daktari akaanza na utangulizi, kama ilivyo ada ya wasomi: kwamba makala ile, kwamba kihesabio, kwamba huko Kanada kuna maktaba.

"Daktari," nikamwambia, "sema."

Akasema. Alisema vizuri, tena polepole, jina lote, watawa, Rwanda, kazi ya usafi. Ernestine aliushika ungo kwa mikono yote miwili na hakuuweka chini.

"Kilima ametaja?" akauliza.

"Ametaja. Ndicho ulichoniambia."

"Na anasema nini?"

"Anauliza kama aliyesimulia yu hai."

Alitazama pembeni, upande wa shamba. Nilidhani atapiga yowe. Kumbe alikuwa anahesabu, naye.

"Hiyo karatasi yenu aliisoma mara ya kwanza lini?"

Daktari angeweza kusema hajui. Lakini aliulizwa kitu cha kuhesabika. "Oktoba," akajibu.

"Oktoba! Na sasa hivi Machi?"

"Machi, Mama Rosine. Alikuwa anaogopa."

"Anaogopa nini, mimi ndiye niliyempoteza!" Akaweka ungo chini, akanigeukia. "Wewe binti, andika. Huyu mwache, atamwandikia kitabu. Andika, yu hai."

Sikuwa na karatasi nyingine. Nikageuza faksi ya Séverine, nikaandika nyuma yake. Nikamuuliza kama niongeze neno.

"Ongeza kwamba nimekasirika."

"Mama Rosine," Daktari akasema, "labda kwa mara ya kwanza tuanze na salamu, tumwambie kwamba…"

"Nimekasirika! Nyie hamjui kitu. Mwana wanje, mwanangu mwenyewe, anajua niliko, anasoma tu, ananyamaza, Oktoba mpaka Machi! Ningekufa je? Andika nimekasirika sana."

Nikaandika: nimekasirika sana. Akaninyang'anya karatasi, akaisogeza karibu na macho, ingawa hakujua kusoma, akawa anapitisha kidole juu ya wino. Hapo akakaa chini katikati ya maganda.