Tatu Haishuki

Mwalimu alisifiwa kwa uvumilivu shule nzima, lakini jamani, dada yake alikuwa amemfikisha mwisho. Tangu mchana walikuwa mezani jikoni kwa dada, sufuria zimesukumwa pembeni, na swali lilikuwa lile lile: rahisisha 3x⁻². Na jibu la dada lilikuwa lile lile: moja juu, 3x² chini.

Mtihani ulikuwa kesho asubuhi. Dada alikuwa mhudumu wa wodi, miaka yote anasukuma vitanda na kupiga deki, na chuo cha uuguzi kilishamwambia wazi kwamba mwakani umri wake hautakubalika. Akianguka hesabu kesho, basi tena.

Mwalimu akaanza upya, sauti imeshapanda. Kipeo hasi ni cha x peke yake. Kwa hiyo x ndiye anayeshuka chini ya mstari, na akishuka ile hasi inaondoka, anakuwa x². Tatu haina hasi, haijakosa lolote, inakaa juu pale pale. Dada akaitikia kwa kichwa, akasema ameelewa. Akashika kalamu, akaishusha tatu.

Mwalimu akabana meno, akauliza hiyo tatu inafuata nini huko chini. Dada akasema hawa wawili wameandikwa pamoja. Sasa mmoja ashuke, mwenzake aachwe juu peke yake, si roho mbaya hiyo? Mwalimu akajishika kichwa. Akafoka kwamba hesabu hazina huruma, halafu maneno yakamponyoka.

"Kwa akili hii, ndiyo maana hukumaliza shule."

Wote wawili walijua kwa nini hakumaliza. Mama yao alipofariki, shangazi alikuja kumchukua dada akamsomeshe, akasema nafasi ni ya mmoja tu, mdogo wake, ndiye huyu Mwalimu, abaki kwa majirani. Dada akakataa kwenda.

Mwalimu alitamani ardhi ipasuke immeze. Dada hakumtazama. Akageuza karatasi, akaandika taratibu. Akashusha x² chini ya mstari. Tatu akaiacha juu.

"Sawa?"

"Sawa, dada."

Akaikodolea macho ile tatu, kalamu bado mkononi.

"Kumbe kuacha ni kazi ndogo hivi," akasema. "Ungenifundisha mapema, Mwalimu, ningeshakuwa nesi zamani. Haya, lete lingine."