Sauti ya Chumba cha Mablanketi

Sauti ilikuwa yake. Uso ndio haukuwa wake. Zamani hizo alikuwa mpiga taipu katika ofisi ya watengeneza filamu. Mwigizaji wao mkuu alikuwa mzuri wa kuua, lakini akifumbua kinywa, mbuzi ana nafuu. Basi fundi wa sauti akamfungia mpiga taipu katika chumba kilichotundikwa mablanketi ukutani, siku tisa, naye akawa anasema maneno yote kwa kufuatisha midomo ya mwigizaji. Jina lake halikuandikwa popote.

Miaka arobaini aliwasimulia watu wa nyumbani. Wifi yake akambatiza Mama Sinema. Mume peke yake ndiye aliyekuwa akisema, "Mwacheni, huenda ni kweli."

Jumapili moja mchana, wote watatu wakiwa sebuleni, kipindi cha uchambuzi kwenye televisheni kikaileta filamu ile, na mwigizaji mwenyewe yuko studio, dhahabu tele shingoni.

"Sura nzuri ziko nyingi, dada," mtangazaji akamwambia, "lakini sauti ile!"

Mwigizaji akainamisha kichwa, akasema ni kipaji cha Mungu.

Namba ya simu ikapita chini ya kioo. Mama Sinema akapiga.

"Punguza televisheni yako, mama," mtangazaji akasema. "Haya, tuambie."

"Sauti hiyo ni yangu."

Tangu apasuliwe tezi ya shingo, alichobakiwa nacho ni mkwaruzo, kama sufuria inayosuguliwa kwa mchanga. Studio nzima ikaangua kicheko.

"Mama, hiyo ni sauti au bawaba?"

Hakukata. "Muulize huyo hapo. Nani alikuwa kwenye chumba cha mablanketi?"

Mkono wa mwigizaji ukapanda kooni. Mama Sinema akauona, moyo ukamruka: leo ni leo!

"Namkumbuka," mwigizaji akasema, machozi yakimlengalenga. "Mtu mwema sana huyu. Ndiye aliyekuwa akituchemshia chai."

"Makofi kwa mama wa chai!"

Yakapigwa. Simu ikakatwa.

Wifi alicheka mpaka akashika ukuta. "Miaka arobaini, wifi, kumbe birika!"

Mama Sinema akamgeukia mumewe. "Mwongo yule. Baba watoto, wewe unanijua, wewe..."

Kwenye kioo walikuwa wamerusha kipande cha filamu. Sauti nyororo ya msichana wa miaka ishirini na mbili ikajaa sebule. Mume akachukua rimoti, akaongeza sauti.

"Hebu nyamaza, mke wangu," akasema. "Tumsikilize mwenyewe."