Yai, Maziwa na Kisu

Mikono ya Bibi ilikuwa ndani ya beseni mpaka viwikoni, na jua bado halijavuka ukuta wa uani. Nyumba ya wageni ilikuwa imejaa, kwa hiyo shuka chafu zilirundikwa mpaka mlangoni mwa stoo. Juu ya rundo hilo alikaa mjukuu wake, miguu ikining'inia. Wafuaji walimwita Chiriku kwa sababu mdomo wake haukujua kupumzika.

"Hii je?" Bibi aliuliza, akiinua foronya bila kugeuza kichwa.

Chiriku akaishika, akainusa. "Yai. Mtu amekula kitandani, mvivu mkubwa. Maji baridi."

"Nikiitia kwenye maji ya moto?"

"Litaiva humo humo kwenye kitambaa, halitoki mpaka kiama."

Mama Pasi, mpiga pasi, alikuwa akipuliza makaa yake pembeni. Akacheka mpaka majivu yakamrukia usoni. "Mtoto huyu ana maneno! Kiama amekijulia wapi?"

"Kwako," alisema Chiriku. "Ukiungua kidole."

Ulikuwa mchezo wao wa kila asubuhi. Mama yake Chiriku alikwenda mbali kutafuta kazi za ndani. Simu yake ikawa inaita bila kupokewa, kisha ikawa haiiti kabisa. Tangu hapo mtoto alikulia uani, kati ya kamba na mabeseni. Mwanzoni kila doa kwake lilikuwa damu, hata la chai. Bibi hakumcheka. Alimwonyesha moja, kesho yake lingine. Akajua damu, akajua mafuta, akajua matope ambayo hayaguswi mpaka yakauke. Siku moja, hapakuwa na mtu aliyemwambia kitu, alichukua taulo lenye maziwa akaliweka pamoja na shuka yenye damu.

"Mbona unachanganya?" Bibi alimuuliza.

"Sichanganyi. Hivi ni ndugu. Vyote vinaogopa moto."

Bibi aliacha kufua. Yeye mwenyewe alikuwa amefua maisha yake yote na mkono wake ulijua beseni la kwenda, lakini hakuwahi kuliweka jambo hilo kwenye maneno. Siku ile alimvua mtoto kilemba, akambusu utosini, akarudi kwenye sabuni yake.

Leo mchezo ulikatizwa na viatu vya msimamizi.

"Bibi, ruhusa yako ni mpaka saa sita. Ukipitisha, nakata siku nzima."

"Nimesikia, bosi."

"Na huyo mtoto nimeshasema. Kuanzia Jumatatu sitaki kumwona hapa. Mgeni amelalamika kwamba amekuta katoto kananusa shuka zake. Hapa si chekechea."

"Leo anakwenda kwenye usaili wa shule, bosi. Akipata nafasi, Jumatatu atakuwa darasani."

"Akipata, asipate, mimi hainihusu," alisema msimamizi, akaondoka.

Bibi aliifikia ile Jumatatu kwa mawazo, na mikono ikapoa ndani ya maji. Mwaka uliopita shule ilimrudisha Chiriku kwa kuwa hajatimiza umri. Mwaka huu umri umetimia, lakini watoto walikuwa wengi kuliko madawati, ndipo ukaletwa usaili. Asiyefaulu angesubiri mwaka mwingine. Asubirie wapi? Chumba chao kilikuwa na mlango wa bati na kufuli la nje. Pale mtaani watoto wengine walishindishwa hivyo, wamefungiwa na kikombe cha maji na kopo, na Bibi alikuwa amewasikia wakigonga bati.

"Nenda, mama," Mama Pasi alimwambia. "Rundo hilo nitalisukuma mimi." Kisha akalinyoosha gauni la Chiriku kwa makaa ya ofisi, upande wa nje na wa ndani, kama la bibi harusi.

*

Foleni shuleni ilikuwa imeshazunguka kona ya jengo. Karani alikaa kwenye meza chini ya bati, na kila mzazi aliyemfikia alimkuta na kasoro.

"Cheti cha kuzaliwa?"

"Nina kadi ya kliniki, mwanangu. Tarehe ipo."

"Kadi ni ya sindano, Bibi. Mimi nimeomba cheti."

"Cheti niliambiwa nikifuate. Nikakifuata, nikaambiwa mtambo umeharibika. Nikarudi, nikaambiwa aje mama yake."

"Basi aje mama yake."

Bibi aliisogeza kadi mbele ya karani. Nyuma yake alisimama fundi viatu, amembeba mwanawe mgongoni. Akachungulia ile kadi juu ya bega la Bibi. "Bwana karani, kwani mtoto huzaliwa mara mbili? Tarehe si ni hiyo hiyo?"

Watu wakacheka. Karani akacheka kidogo pia, akaona haya ya kucheka, akaigonga muhuri karatasi kwa nguvu. "Chumba cha mwisho. Mzazi abaki nje. Mzazi akimsaidia mtoto, usaili umefutwa."

Nje ya chumba cha mwisho palikuwa na benchi chini ya dirisha lisilo na kioo. Mlinzi wa shule, mzee mwenye koti la mvua lisilolingana na jua lile, alimwona Bibi anavyoushika mgongo, akalisogeza benchi kwenye kivuli. Bibi akakaa. Akiinua shingo kidogo aliona ndani.

Mwalimu alikuwa mwanamke wa makamo, sauti imekauka kwa vumbi la chaki. Alimkalisha Chiriku, akamuuliza jina, akamuuliza anaishi na nani. Kisha akatandaza kadi za picha mezani: yai, maziwa, mkate, ndimu, shati, soksi, kofia, kisu, msumari, nyundo.

"Ziangalie vizuri. Zinazofanana ziweke pamoja, mafungu matatu."

"Nazijua zote," alisema Chiriku.

"Vizuri. Panga."

Mtoto alipanga bila kusita hata kidogo. Fungu la kwanza aliweka yai, maziwa, kisu na shati. La pili msumari, nyundo, ndimu na soksi. La tatu mkate na kofia. Akakunja mikono.

Mwalimu alitazama mezani kwa muda. "Mama, yai na kisu vinafanana wapi?"

"Kisu kinakukata, unatoka damu. Damu, yai na maziwa ni maji baridi. Ukivitia moto vinaganda."

"Na ndimu na msumari?"

"Msumari unaleta kutu. Nyundo nayo ni chuma. Kutu ni ndimu na chumvi, unaanika juani."

"Mkate?"

"Huo unakung'utwa tu." Chiriku alimtazama mwalimu kwa huruma, kama mtu mzima asiyejua jambo dogo. "Halafu kila fungu nimelipa nguo moja, kwa sababu lazima kuwe na kitu kilichochafuka."

Pale chini ya dirisha Bibi alikuwa ameshika mdomo. Alikuwa ameelewa tangu kadi ya kwanza. Kicheko kilimpanda, na nyuma yake hofu.

Mwalimu hakucheka. Aliweka kalamu chini, akajisugua macho. "Nani amekufundisha hayo?"

"Bibi. Ila la maziwa nimejifundisha mwenyewe."

"Wewe una akili," mwalimu alisema kwa sauti ya chini. Kisha akavuta karatasi iliyochapwa majibu, akaisoma tena kana kwamba huenda safari hii ingesema kitu kingine. Vyakula, nguo, zana. "Lakini hapa wanataka hivi, na hapa wewe umekosa yote."

Nje watoto waliofuata walikuwa wakisukumana. Hatimaye alisimama, akaja dirishani, akamwona Bibi moja kwa moja, kana kwamba alijua muda wote kwamba yupo.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mwanangu."

"Nina kadi za pili. Sitakiwi kuzitumia kwa mtoto yule yule, ila nitazitumia. Zungumza naye dakika moja. Usimpe majibu, sijui zitatoka zipi. Mweleze tu kwamba shule si kufua."

Bibi aliona wema huo, na hakuwahi kuusahau baadaye. Chiriku alitoka nje, mabega yakiwa juu.

"Nimepatia, Bibi?"

Bibi alichuchumaa mbele yake, magoti yakalia. Angewezaje kumwambia kwamba amepatia, halafu amwambie asirudie? Akaona mlango wa bati. Akaona kufuli.

"Sikiliza, mama. Ukiingia, sahau maji. Sahau moto."

"Mbona? Yai linaogopa moto kweli."

"Kweli. Lakini mwalimu hataki hiyo."

"Anataka nini?"

"Sijui," alisema Bibi. Halafu, kwa kuwa dakika ilikuwa inakwisha, akasema lile alilokuwa ameishi nalo miaka yote mbele ya wasimamizi na makarani. "Mtazame usoni. Usoni mwake utaona anachotaka. Weka hicho."

Mtoto alifikiri. "Hata kama sicho?"

"Hata kama sicho."

Safari hii mwalimu aliacha mlango wazi, na Bibi akasimama kizingitini. Kadi mpya zilitandazwa: kuku, mbuzi, ng'ombe, baiskeli, gari, mashua, kiti, meza, kitanda.

Chiriku alichukua kuku. Zamani, yaani nusu saa iliyopita, angesema jambo. Sasa alinyamaza. Aliupeleka mkono juu ya kitanda, macho yake yakiwa usoni kwa mwalimu. Nyusi za mwalimu zilisogea kidogo. Mkono ukaondoka. Ukaenda juu ya gari. Nyusi zikasogea tena. Ukafika juu ya mbuzi, na uso wa mwalimu ukalegea. Chiriku akaiweka kadi pale.

Hivyo hivyo mpaka mwisho. Labda mwalimu alijua uso wake unafanya nini na akauacha ufanye. Labda alikuwa amechoka tu. Bibi hakuweza kusema. Alichokiona ni kwamba mjukuu wake hakuzitazama kadi hata mara moja. Mara moja mkono ulikawia juu ya ng'ombe, na midomo yake ikafunguka, kama jambo limemjia kuhusu ng'ombe na maziwa. Akamtazama mwalimu. Akaifunga.

"Yote sahihi," alisema mwalimu, akaandika. Hakumtazama Bibi. "Jumatatu, saa moja. Aje na ufagio." Kisha akafungua mkoba wake, akatoa peremende, akampa Chiriku. "Hongera."

"Asante, mwalimu," alisema Chiriku, akiwa ameishika peremende bila kuimenya.

*

Fundi viatu aliwaona wanatoka, akainua kidole gumba. "Amepita?"

"Amepita," alisema Bibi.

"Mungu mkubwa! Sasa huyu wangu wamemrudisha. Eti ameambiwa achore mtu, akachora kiatu. Nimemuuliza mbona hivyo, ananiambia mtu mwenyewe yuko juu, haonekani." Alicheka, lakini mkono wake ulikuwa ukimpapasa mwanawe mgongoni, bila kukoma. Bibi akampa pole.

Walishika njia ya kurudi kazini. Saa sita ilikuwa imeshapita, siku nzima ilikuwa imeshakatwa, lakini rundo la Mama Pasi lilikuwa pale pale na Bibi asingemwachia peke yake. Barabara iliwaka. Kwa kawaida Chiriku angeuliza mbona lami inang'aa kama maji, mbona kivuli chake kimekuwa kifupi, mbona mbwa yule anatembea upande. Alitembea akiwa ameshika mkono wa Bibi, kimya, na kila waliposimama kupisha gari alimwinulia macho.

Kwenye kibanda cha kona mikate ilikuwa imepangwa nyuma ya wavu, midogo kuliko ya mwezi uliopita na bei yake imepanda. Asubuhi walikunywa chai kavu. Kwenye fundo la khanga ya Bibi kulikuwa na pesa ya kitu kimoja: mkate wa sasa hivi au unga wa jioni. Alisimama. Harufu ilikuwa nzito, na alilisikia tumbo la mtoto likinguruma.

"Una njaa, mama?"

Chiriku alimtazama Bibi usoni, taratibu, kuanzia kipaji cha uso mpaka kidevu. Akatazama mkono wa Bibi uliokuwa juu ya fundo la khanga. Akarudi usoni.

"Sina njaa, Bibi," alisema.

Bibi alijikalisha kwenye jiwe lililokuwa mbele ya kibanda, akamvuta mtoto katikati ya magoti yake, akamgeuza, mgongo kwake, uso barabarani.

"Usinitazame mimi," alisema. "Mimi sina jibu hapa. Tumbo ni lako. Lisikilize wewe mwenyewe, halafu uniambie."

Malori mawili yakapita. Mwenye kibanda alikuwa ameacha kupanga mikate yake, anawatazama. Bibi alingoja, mikono yake yenye mikunjo ya sabuni ikiwa juu ya mabega yale madogo.

"Ipo," alisema Chiriku mwishowe. "Njaa ipo kidogo."

Kisha akageuza shingo haraka, akauinulia uso wa Bibi macho, kuona kama amepatia.